Ua la Usambara: Ulaya wanalitunza dirishani, sisi tunalipita bila kulijua

Katika madirisha ya nyumba nyingi za Ujerumani utakuta kopo dogo la maua. Majani yake ni mazito, ya mviringo, yenye manyoya laini kama sikio la sungura. Katikati huchomoza maua madogo ya zambarau yenye vitone vya njano. Ukimuuliza mwenye nyumba jina la mmea huo atakujibu kwa Kijerumani: Usambaraveilchen.

Mwanzo wa neno hilo hauhitaji mkalimani. Ni Usambara, milima yetu ya mkoani Tanga.

Ua hilo ni miongoni mwa maua ya ndani yanayopendwa zaidi duniani. Linauzwa madukani Ulaya na Marekani, wazee hulitunza kwa miaka mingi, na wapo watu wanaofanya mashindano kwa ajili yake. Kwa asili, hata hivyo, haliishi kwingine kokote duniani isipokuwa Tanzania na kusini mashariki mwa Kenya.

Sasa jaribu kumuuliza mwanao akutajie maua matatu. Huenda ukasikia waridi, alizeti na lile lililopo kwenye kadi ya sikukuu. La Usambara ni nadra kutajwa. Wala usimlaumu mtoto, maana wazazi wengi nasi hatukuwahi kuambiwa.

Wiki hii tunafuatilia safari ya ua hilo na ya mimea mingine michache adimu, kwa sababu ndani yake limo somo la malezi. Mmea adimu hudumu pale palipo na watu wanaoujua kwa jina na kuutunza nyumbani. Watu hao wakikosekana, unatoweka na hakuna anayegundua kuwa kuna kitu kimepungua.

Lilivyosafiri kutoka Tanga

Wenyeji wa milimani walilipita ua hili kwa vizazi vingi. Huota kivulini, kwenye mapengo ya miamba yenye unyevu, mara nyingi karibu na vijito. Kwao lilikuwa sehemu ya msitu.

Mwaka 1884 Sir John Kirk, mwakilishi wa Uingereza Zanzibar ambaye pia alikuwa daktari na mpenzi mkubwa wa mimea, alipeleka sampuli iliyokaushwa kwenye bustani ya Kew, London. Mwaka 1887 ikafuata sampuli ya mmisionari W. E. Taylor, yule yule aliyekusanya methali za Waswahili na kuzichapisha kitabuni mwaka 1891. Sampuli hizo mbili hazikuwatosha wataalamu kulieleza ua hilo na kulipa jina, zikabaki kabatini.

Aliyefanikiwa alikuwa Baron Walter von Saint Paul-Illaire, ofisa wa serikali ya kikoloni ya Wajerumani huko Tanga. Huyu alijua Kiswahili na mwaka 1890 alikuwa ametoa kitabu cha kuwafundishia Wajerumani lugha yetu. Mwanzoni mwa miaka ya 1890 aliliona ua hilo, akalituma Ujerumani kwa baba yake, mzee aliyependa kukusanya mimea ya nchi za mbali. Baba akalifikisha kwa Hermann Wendland, mkuu wa bustani za kifalme za Herrenhausen katika mji wa Hanover.

Mwaka 1893 Wendland alilitangaza kitaalamu kwa jina la Saintpaulia ionantha. Neno la kwanza ni heshima kwa ukoo wa baron, na la pili lina maana ya ua linalofanana na violeti, ua dogo la zambarau la Ulaya. Katika jina hilo lote hakuna neno hata moja la wenyeji wa milima lilikotoka. Mwaka 2015 wanasayansi walilihamishia katika kundi kubwa linaloitwa Streptocarpus, lakini wapenzi wa maua bado wanaliita Saintpaulia.

Miaka ya 1920 kampuni moja ya maua ya Los Angeles, Armacost & Royston, iliagiza mbegu kutoka Ujerumani na Uingereza. Miche ikaota kwa mamia, wakaichuja hadi wakabaki na aina 10 walizoziona bora. Aina nyingi za leo zina damu ya hizo 10. Mwaka 1946 Wamarekani wakaanzisha chama chao cha wapenzi wa ua hili, na leo aina zilizotengenezwa bustanini ni maelfu: nyeupe, za waridi, za rangi mbili, zenye petali zilizojikunja kama ukingo wa gauni.

Limewezaje kuenea hivyo? Siri iko kwenye jani. Jani moja lenye kikonyo chake, likichomekwa kwenye udongo wenye unyevu, hutoa mmea mpya unaofanana na mama yake. Jirani humpa jirani jani, bibi humpa mjukuu, na aina iliyochaguliwa zamani bado ipo hai kwa sababu kuna mtu aliyekubali kugawa.

Tabia ya kale

Kuhangaikia mimea ya mbali hakukuanza na wakoloni. Miaka takriban 3,500 iliyopita Malkia Hatshepsut wa Misri alituma meli katika nchi iliyoitwa Punti, ambayo wanahistoria wengi wanaiweka upande wa Pembe ya Afrika. Ukutani mwa hekalu lake huko Deir el-Bahari bado ipo michoro ya wanaume waliobeba miti ya manemane, mizizi yake ikiwa ndani ya vikapu. Ni kati ya kumbukumbu za kale kabisa za watu kuhamisha miti hai kutoka nchi moja hadi nyingine.

Wengine waliingia wazimu kwa ajili ya maua. Uholanzi, miaka ya 1630, kitunguu kimoja cha tulipu yenye michirizi kiliweza kuuzwa kwa fedha ambazo fundi alihitaji miaka kadhaa kuzipata. Februari 1637 bei zikaporomoka. Karibu miaka 300 baadaye, mwaka 1928, ilithibitika kuwa michirizi ile ilisababishwa na virusi. Watu walikuwa wakinunua ugonjwa kwa bei ya nyumba.

Tatizo kubwa la wasafirishaji lilikuwa bahari. Chumvi, upepo na kiu viliua miche mingi njiani. Ufumbuzi ulitoka kwa daktari wa London, Nathaniel Ward. Mwaka 1829 aliweka bundo la nondo kwenye chupa yenye udongo mbichi akaifunga, akingoja nondo atoke. Badala yake akaona jimbi na majani machache yanachipua. Maji yalikuwa yakipanda kama mvuke, yakiganda kwenye kioo na kurudi chini. Mwaka 1833 alituma makasha mawili ya vioo yenye mimea hadi Sydney, Australia, na mimea ikafika salama. Tangu hapo chai, mpira na maelfu ya mimea mingine ikasafiri kwa makasha ya aina hiyo.

Lililotoka na lililoingia

Wazazi wa Tanga watalifurahia hili. Mwaka ule ule wa 1893, ua la Usambara likipewa jina Ujerumani, mmea mwingine ulikuwa unaingia Tanga. Mtaalamu wa kilimo Richard Hindorf aliagiza miche 1,000 ya mkonge kutoka Florida, Marekani. Asili ya mkonge ni Mexico. Baada ya safari ndefu kupitia Ujerumani, miche iliyofika ikiwa hai ilikuwa 62 tu. Ilipandwa Kikogwe, karibu na Pangani, na kutokana na hiyo yakaja mashamba yaliyobadilisha maisha ya mkoa mzima, reli yake, kambi zake na watu waliokuja kufanya kazi kutoka mbali.

Kwa hiyo mmea mgeni si lazima uwe mbaya. Lakini si kila mgeni ana adabu. Wajerumani walianzisha kituo cha utafiti cha Amani, Usambara Mashariki, mwaka 1902, wakapanda miti ya kila pembe ya dunia. Miongoni mwa iliyoletwa baadaye ni musizi, mti wa asili wa Kagera na Uganda. Misitu ilipokatwa miti ya mbao, musizi ulikimbilia kwenye mapengo, na hondohondo wakala matunda yake na kusambaza mbegu. Leo umeenea ndani ya msitu wa asili ambao hapo mwanzo haukuwamo.

Hilo nalo tuwaeleze watoto: mmea unapohamishwa, kwanza uliza utafanya nini huko uendako.

Mtoto aliyetazama kwa makini

Kisa ambacho kila mzazi angepaswa kumsimulia mwanawe kinatoka Bahari yetu ya Hindi, kisiwa cha Réunion, wakati huo kikiitwa Bourbon.

Wafaransa walikuwa wamepeleka huko vanila kutoka Amerika. Ilitambaa, ikachanua, lakini haikuzaa, kwa kuwa wadudu wanaoichavusha kwao hawakuwepo kisiwani. Katika shamba la mtu aliyeitwa Ferréol Bellier-Beaumont mche mmoja ulikaa takriban miaka 20 bila tunda.

Shambani hapo aliishi mtumwa mdogo, Edmond. Mama yake alifariki wakati wa kumzaa. Hakupelekwa shule, ila alizoea kufuatana na bwana shamba bustanini, na huko akaonyeshwa jinsi ya kuchavusha kwa mkono ua la mmea wa jamii ya maboga. Mwaka 1841, akiwa na miaka 12 hivi, Edmond alilichungulia ua la vanila kwa makini akaona kiwambo chembamba kinachotenganisha sehemu ya kiume na ya kike. Akakiinua kwa kijiti, akabana kwa kidole gumba. Tunda likashika.

Bwana shamba alipoona matunda hakuamini mpaka Edmond aliporudia mbele yake. Mashamba mengine yakamwita akafundishe. Hadi leo wakulima wa vanila wa Madagascar, Uganda na Bukoba huchavusha kwa mkono kwa namna hiyo, ua kwa ua, asubuhi, kwa sababu ua la vanila hufunguka siku moja tu.

Mwisho wa kisa hauna raha. Edmond alipata uhuru mwaka 1848 na akapewa jina la ukoo, Albius. Vanila ilitajirisha wengine, yeye akafa maskini mwaka 1880. Baadaye walijitokeza waliodai kuwa ugunduzi ule si wake, na Bellier-Beaumont akaandika kumtetea.

Mzazi, soma kisa hiki mara mbili. Kilichomsaidia Edmond kilikuwa mtu mzima aliyemwonyesha jinsi ua moja linavyofanya kazi, pamoja na nafasi ya kuchezea mengine. Mwanao anapokaa nusu saa akichokonoa ua la mpapai, huenda hapotezi muda.

Mkilua wa bibi

Je, sisi wenyewe hatukuwa na watunzaji wa mimea adimu? Tulikuwa nao, tena majumbani.

Mkilua ni mti mdogo wa misitu ya mwambao wa Kenya na Tanzania. Maua yake yana harufu tamu inayodumu. Kina mama wa Kiswahili waliuleta uani wakaupanda karibu na nyumba, na vilua vyake wakaviweka kwenye nguo, kwenye nywele na kwenye vikuba pamoja na asumini na mrehani. Hakuna aliyewaita wakusanyaji wa mimea. Hawakuwa na vioo wala makasha ya Ward. Walikuwa na ua wa nyumba, ndoo ya maji na binti wa kumfundisha.

Mwaka 1970 mtaalamu wa mimea wa Kew, Bernard Verdcourt, alipouandika kisayansi, aliupa jina Mkilua fragrans. Yaani jina la kundi zima la mmea huo ni neno la Kiswahili, na la pili lina maana ya "wenye kunukia". Mwanasayansi wa nchi yoyote akitaka kuutaja, ni lazima aseme mkilua.

Linganisha mimea hii miwili. Ua la Usambara liliingia vitabuni kwa jina la ofisa aliyelituma. Mkilua uliingia kwa jina la kina mama waliokuwa wakiutumia kila siku. Tofauti haikutokana na uzuri wa ua. Ilitokana na kuwepo kwa watu wenye jina la kumpa mgeni alipouliza.

Hali ya porini

Kwa kuwa limejaa madirishani duniani, mtu anaweza kudhani ua la Usambara liko salama. Haliko. Yale ya madukani yametokana na sehemu ndogo tu ya jamii za porini. Nyingine ziko kwenye miamba ya Nguru, Uluguru, Taita na Kilifi, na baadhi hupatikana katika maeneo machache mno, kiasi kwamba kuanguka kwa miti ya mahali pamoja kunaweza kumaliza nyingi kwa mkupuo. Ile ya miamba ya Kilifi imewekwa katika daraja la mimea iliyo hatarini kabisa kutoweka.

Adui yake mkubwa ni jua. Mti wa juu ukikatwa kwa mbao, mkaa au shamba, kivuli kinaondoka, mwamba unakauka, na ua linakufa hata kama hakuna aliyeligusa. Wapo pia wanaoling'oa. Aliyepanda mlimani na kurudi na mche mfukoni hajauokoa, amepunguza idadi.

Hifadhi ya Mazingira Asilia ya Amani, iliyotangazwa mwaka 1997, inalinda sehemu ya makazi yake. Lakini miamba mingi iko nje ya hifadhi, jirani na mashamba ya watu. Huko mlinzi ni mwenye shamba na watoto wake, na hawawezi kulinda wasichokijua.

Ufanye nini na mwanao

Hauhitaji bustani kubwa wala fedha nyingi. Anza na haya.

1. Andikeni daftari la mimea ya nyumbani. Mpe mtoto daftari moja. Kila mmea ulio uani, barazani au njiani kwenda shule aandike jina la Kiswahili, jina la lugha ya babu na bibi, na matumizi yake. Usimtajie wewe, mtume kwa wazee.

2. Oteshani jani. Ukipata ua la Usambara kwa mtu anayelilima au kwenye kitalu, omba jani moja lenye kikonyo cha sentimita 3 au 4. Lichomekeni kwenye mchanganyiko wa mchanga na mboji, mlifunike kwa mfuko wa plastiki unaopitisha mwanga, mliweke penye mwangaza pasipo jua kali. Mizizi hutoka baada ya wiki 3 hadi 5. Vimche huonekana ndani ya miezi 2 au 3, na maua huchukua miezi mingine kadhaa. Mtoto atajifunza kungoja.

3. Limwagilieni kutoka chini. Wekeni maji kwenye kisahani, udongo unywe, kisha mmwage yaliyobaki. Maji baridi yakitua kwenye majani huacha madoa, na yakituama kwenye mizizi huiozesha. Wanaoishi sehemu za joto kama Dar es Salaam au Mombasa watafute dirisha lenye hewa lisilopigwa na jua la mchana.

4. Rudieni jaribio la Ward. Chupa ya kioo yenye mdomo mpana, kokoto chini, udongo wenye unyevu juu, na jimbi dogo au kuvumwani kutoka uani kwenu. Fungeni kifuniko, wekeni kivulini. Mtoto atauona mzunguko wa maji anaosoma darasani ukifanyika ndani ya chupa.

5. Msing'oe porini. Kuchukua mimea ndani ya hifadhi bila kibali ni kosa kisheria. Nje ya hifadhi pia, pigeni picha na kuliacha ua mahali pake.

6. Mkipata nafasi, nendeni Amani. Iko wilaya ya Muheza. Watoto wakiona ua lile juu ya mwamba wenyewe, kivulini, maji yakitiririka pembeni, wataelewa kwa nini mti wa juu haukatwi.

Kama huwezi kufanya yote, fanya la kwanza, na ulifanye mapema. Wengi wetu tuna bibi anayejua mmea wa uani ambao hatujui jina lake, na tunajiambia tutamuuliza likizo ijayo. Mpigie jioni hii, weka simu kwenye spika, umpe mjukuu wake kalamu.